Niliwashikia Nafasi

Kama unasoma haya na una ukanda mkononi, kwanza kaa sakafuni. Usikalie benchi. Watakuambia mabenchi yamezimwa, waya zimekatwa, na ni samani tu kama samani nyingine. Mimi nilitibiwa katika ukumbi uleule uliotuumiza, na kwa miezi kumi na moja sikumwona mgonjwa hata mmoja aliyekalia benchi. Tulikaa chini, migongo ukutani, na mabenchi yalikaa matupu katikati yetu kama wageni rasmi. Wauguzi walizoea kuturuka miguu.

Mimi ni Mama Ima, mkazi wa Matogoro, muuza chai na chapati karibu na stendi ya Songea. Majina yote humu nimebadilisha, likiwemo langu. Nesi wa kituo aliniomba niandike simulizi ya ugonjwa wangu ili wagonjwa wapya waisome wakisubiri kuitwa. Nilimwandikia. Ni ya kurasa mbili, inaisha kwa muujiza, na nasikia wengi wanaisoma huku wanalia. Hii ni ya pili, na hii ndiyo ya kweli.

Mwaka ule habari ya mji ilikuwa umeme wa muda, yaani umeme unaokamuliwa kutoka kwenye muda wa watu. Wataalamu walijenga ukumbi chini ya milima ya Matogoro, wakaja kwenye mikutano ya mtaa kutueleza. Mtu akisubiri, walisema, muda wake unamwagika bure. "Sisi tunakinga tu, kama mnavyokinga maji ya mvua kwenye bati," alisema yule mkubwa wao, kijana mwenye miwani na sauti ya upole. "Hakuna anayepungukiwa na kitu." Tulicheka. Sisi tumesubiri mbolea, tumesubiri mizani ya mahindi, tumesubiri barabara, tumesubiri daktari arudi kutoka semina. Kama kusubiri ni mali, hakuna matajiri kama watu wa Songea.

Jaribio lilipangwa mwezi wa kumi na moja, kabla mvua hazijashika, wakati kila mtu anahangaikia mbolea. Ukikaa kwenye benchi tangu saa mbili asubuhi hadi saa nane mchana, unaondoka na mfuko mmoja. Basi. Kukaa tu. Mlangoni walituchoma kidole gumba, wakadondosha tone la damu kwenye ukanda mwembamba wa mpira ili ukanda umjue mwenyewe, kisha wakaufunga kwenye kifundo cha mkono wa kulia.

Tulikaa wanne benchi moja. Kushoto kwangu alikaa wifi yangu Gaudensia, dada wa mume wangu Longinus. Kulia alikaa Mama Skola, mwenyekiti wa jumuiya yetu ndogo ndogo, mwanamke mwenye sauti ya kuongoza rozari hata anaponunua nyanya. Mwisho wa benchi alikuwa Bi Zuhura, jirani yetu, mfanyabiashara wa korosho kutoka Tunduru, aliyehamia Matogoro miaka mingi. Tulikuwa na kikapu cha maparachichi, chapati zangu na chupa ya chai. Ilikuwa kama kwenda pikiniki.

Saa tatu simu ya Mama Skola ikaita. Mzee mmoja wa Mpitimbi, baba wa mwanajumuiya wetu, alikuwa amefariki, na maziko yalikuwa siku ileile saa saba. Lori la kubeba waombolezaji lilikuwa linasubiri dukani. Wewe msomaji wa mbali utasema, si wangekaa wamalize? Huku kwetu kukosa maziko ni kosa linalokumbukwa hadi siku yako mwenyewe. Gaudensia alikuwa amelelewa na mke wa yule mzee. Bi Zuhura alipangishwa na mzee huyo chumba cha kwanza alipofika Songea hana mtu. Mimi pia nilimfahamu, lakini tukiondoka wote wanne tunakosa mbolea wote wanne.

Mama Skola ndiye aliyeamua, kama kawaida yake. "Mama Ima, wewe tushikie nafasi. Sisi tutakuwakilisha msibani."

Sikuona ubaya. Tangu nazaliwa nimeshikiana nafasi na watu, bombani, zahanati, kwenye mashine ya kusaga. Nimeacha ndoo, nimeacha kandambili, nimeacha jiwe lenye jina langu, na nimerudi nikakuta foleni imeniheshimu. Wenzangu walipaka mkono mafuta ya mgando, wakavua kanda zao taratibu chini ya khanga. Nikazivaa zote tatu juu ya wangu. Yule aliyepita kukagua alihesabu kanda, hakuhesabu watu.

Saa sita mgeni rasmi alifika. Wataalamu walitaka taa zote ziwake kwa pamoja ili aione kazi yao, wakaipandisha mashine kupita pale walipokuwa wamejaribu. Taa ziliwaka kweli. Ziliwaka hadi tukafumba macho. Niliposikia kelele nikafumbua, nikaona maparachichi ndani ya kikapu yamekuwa meusi na yameporomoka. Chapati niliyoshika ilikuwa imeota ukungu wa kijani. Mzee mmoja mbele yangu alikuwa ameota ndevu hadi kifuani, na hakuinuka tena pale alipokaa. Wa pili wake naye hakuinuka. Mgeni rasmi aliondolewa kwa mlango wa nyuma.

Kila aliyekaa ukumbini alipoteza kama miaka minne. Kwa wenye ukanda mmoja, miaka hiyo ilienea mwilini sawasawa: mvi chache, goti linalolia, kijana aliyebadilika sauti akiwa amekaa. Walikasirika, wakazoea. Kwangu mimi, miaka ya wenzangu haikujua pa kwenda. Ilikuwa imeingia kwenye mwili usio wake, ikajazana mkononi. Tangu ncha za vidole hadi kwenye kiwiko nilikuwa na mkono wa bibi kizee. Ngozi ililegea na kujaa madoa, mishipa ilitokeza, kucha zilikuwa nene na zimejikunja. Ulitetemeka wenyewe. Nilijaribu kuzivua zile kanda tatu za wenzangu nikaona zimezama kwenye ngozi.

Wenzangu walirudi jioni na lori, miguu imejaa vumbi la Mpitimbi, wamechoka, wazima. Gaudensia aliponiona aliangua kilio katikati ya barabara. Mama Skola alipiga ishara ya msalaba. Kuhusu mbolea, kituo kiligawa mchana uleule ili watu wasifanye fujo, na mimi, kwa kuwa nilikuwa na kanda nne, nilipewa mifuko minne. Longinus alimpelekea kila mtu wake. Mvua zilipoanza walipanda. Mwaka ule mahindi yao yalistawi kuliko miaka yote ninayokumbuka.

Kliniki ilifunguliwa mwezi wa kumi na mbili. Daktari alikuwa yuleyule kijana mwenye miwani, sasa bila upole. Alisema mzigo nilioubeba unapanda. Nesi Anjela alichukua utepe wa fundi cherehani, akapima kutoka kwenye kiwiko, akachora mstari juu ya ngozi yangu kwa kalamu ya bluu. Kila baada ya wiki mbili alichora mwingine. Nilioga kwa uangalifu nisiifute, sijui kwa nini, kana kwamba mstari ukifutika mzigo ungesahau ulipofikia.

"Ukifika moyoni?" nilimuuliza daktari.

"Moyo utakuwa na miaka themanini na kitu ndani ya mtu wa thelathini na nne. Hautaweza." Akafunga faili. "Kwa mwendo huu, mvua zijazo hutaziona. Dawa ipo, ila haiko kwangu. Kila mwenye ukanda aje auchukue wake. Mnashikana viganja, wazi kwa wazi, muda wa kusema Baba Yetu na Salamu Maria tatu. Ukanda unadondoka, naye anabeba miaka yake minne, inamwenea mwilini. Lazima aje mwenyewe na atie sahihi. Hatulazimishi mtu."

Minne tu. Nilitoka pale nikiimba. Wenzangu watatu, kila mmoja miaka minne, ambayo kwa haki ingekuwa yao kama wasingepanda lori. Niliwaza tutamaliza kabla ya Krismasi.

Nisikilize vizuri hapa, wewe mwenye ukanda. Ugonjwa huu hauumi. Kinachouma ni watu. Mama Skola alikuja nyumbani na jumuiya nzima, wakaniimbia, wakaniletea maharage na mchele, akaongoza novena ya siku tisa kwa ajili ya mkono wangu. Alikaa mbali, karibu na mlango, mikono ameifunika kwa kitenge. Siku ya tisa nilimwambia mbele ya wote kwamba daktari anamsubiri.

"Mlongo wangu," akasema, na hilo ni neno la kumwita ndugu, "kila jambo na wakati wake. Sisi tulikuwa msibani. Mungu anaona tulikuwa msibani."

Tangu siku hiyo alinisalimia kutoka barabarani. Songea nzima tunasalimiana kwa kushikana mikono mpaka habari za kuku zimalizike, lakini mimi niliamkiwa kwa kupungiwa kama gari linaloondoka. Hata wasio na ukanda kwangu, ambao nisingeweza kuwadhuru hata kwa kuwabusu, waliogopa. Wateja wa chapati walihama. Mwanamume mmoja aliniambia waziwazi hawezi kula unga uliokandwa na ule mkono. Nilijifunza kukanda kwa kushoto, chapati zikawa nene upande mmoja, na wachache waliobaki walizila bila kusema neno. Hao nawakumbuka kwa sura.

Bi Zuhura alikuja mwenyewe. Ilikuwa wakati wa mahindi mabichi, mvua imekatika kidogo, mistari ya bluu imefika katikati ya msuli wa juu. Sikuwa nimemwomba, mumewe alikuwa mgonjwa, nikaona haya. Aliingia uani asubuhi amevaa baibui safi, mkoba mkononi.

"Twende," akasema.

"Wapi, Bi Zuhura?"

"Kuchukua changu. Umenibebea amana yangu miezi mitatu, Mama Ima. Kesho Allah akiniuliza nilimwachia nani, nitamjibu nini?"

Tulikaa sakafuni tukingoja jina langu, tukala mahindi ya kuchoma. Alitia sahihi kwa herufi kubwa. Tulishikana viganja, yeye akisoma zake, mimi zangu. Kilichonitoka kilikuwa na joto, kama uji unaomiminwa. Ukanda mmoja ulidondoka sakafuni, ukiwa mkavu kama ganda la kunde. Bi Zuhura alifumbua macho. Mikunjo miwili ilikuwa imejichora kando ya mdomo wake, na mvi zilichungulia chini ya ushungi. Akajitazama kwenye kioo cha simu.

"Ndiyo hii tu?" akasema. "Nilidhani itauma." Kisha akatafuta leso akajipangusa macho, akaniambia ni moshi wa mahindi.

Mkono ulipata nguvu kidogo. Vidole viliacha kutetemeka kwa wiki nzima. Nilifikiri wengine watamwona na kuona haya, na sikuwa mjinga peke yangu kwa kufikiri hivyo, kwani hata nesi alifikiri hivyo.

Sasa nifike kwa wifi yangu. Gaudensia alikuwa na miaka thelathini na tisa. Mumewe hukaa Tunduru msimu wa korosho. Walikuwa kwenye ndoa miaka sita bila mtoto, na daktari wa hospitali, si wa kituo, alikuwa amempa dawa na kumwambia bado ana nafasi, ila si ndefu. Alikuja kwangu siku ya Ijumaa Kuu, akapiga magoti kwenye sakafu ya jikoni.

"Wifi, niombe damu. Niombe figo, nitakupa leo. Hiyo miaka minne usiniombe. Hiyo ndiyo niliyobaki nayo."

"Na mimi nimebaki na nini?" nikamuuliza.

Aliyejibu ni Longinus, palepale, amesimama mlangoni na randa yake ya useremala mkononi. "Wewe una Ima. Gaudensia ana nani?"

Nimeolewa na mtu huyu miaka kumi na mitatu, na ni mtu mwema. Alinifulia nguo mwaka mzima. Lakini siku ile alipima uzito wa mke wake na uzito wa dada yake, akasema jibu kwa sauti, na mimi nililisikia. Nilimchukia kwa namna ambayo bado inanirudia tukiwa mezani. Ima, binti yetu wa miaka kumi na moja, alikuwa nje ya dirisha akiosha vyombo. Aliacha kuosha, kisha akaendelea.

Ima ndiye aliyenikata kucha za mkono ule kwa mkasi wa kukatia bati wa babake, maana mkasi wa kucha ulishindwa. Alinifunga vifungo vya blauzi. Alinitengenezea mfuko wa kitenge wa kuning'iniza mkono, akaupamba kwa lesi. Wakati mwingine alikuwa akiuweka kichwani kwake ule mkono wenyewe, bila kuniambia kitu, huku anasoma daftari lake. Wewe mwenye ukanda, kama una mtoto wa namna hiyo, mwache afanye. Usimfukuze eti asiogope. Ameshaogopa.

Baridi ya mwezi wa saba ilipokuja, mistari ilikuwa begani. Sikuweza kulalia upande wa kulia. Nilikuwa nahema nikipanda kilima cha kwenda kanisani, lakini nilikwenda kila Jumapili, na Jumapili moja nikachelewa kwa makusudi ili nipite katikati ya watu na kujibana kando ya Mama Skola. Alisogea. Nikasogea. Padri alipotualika kutakiana amani, na kwaya ikaanza wimbo ule wenye beti nyingi, niligeuka nikautoa mkono kwenye mfuko wa kitenge. Benchi tatu za mbele ziligeuka kutazama.

Mama Skola alikunja viganja kifuani na kuinamisha kichwa, kama siku zile za korona. Sikuushusha mkono. Mtoto mmoja akauliza kwa sauti, "Mbona hampi amani?"

Akanipa. Alikusudia kugusa tu na kuondoa. Mimi nikamshika. Msifikiri mkono wa kizee hauna nguvu. Una nguvu ya kubana, kama ya mtoto mchanga. Alivuta mara mbili, akitabasamu kwa ajili ya watu. Kucha zangu zilimwingia. Nilimtazama machoni beti zote nne, nikauona uso wake ukisinyaa kidogo kidogo kwenye kona za macho, naye hakupiga kelele kwa sababu yeye ni mwenyekiti. Ukanda ulidondoka kati ya viatu vyetu. Baada ya Misa alisimama mbele ya jumuiya, akasema Roho Mtakatifu alimgusa na akaamua kwa hiari yake kunirudishia uzima. Walimpigia makofi. Nami nilipiga, kwa kuupiga mkono wangu mzima kwenye paja.

Hivyo ndivyo nilivyojua kwamba sahihi ya kituo ni karatasi tu. Ningependa kusema nililisahau jambo hilo. Nililiweka moyoni kama mtu anavyoweka kisu juu ya kabati, mahali asipofika mtoto.

Ukanda wa tatu ulikuwa na haraka kuliko wote. Mwezi wa tisa, moto wa kiangazi unapopanda milima ya Matogoro, mstari wa bluu ulivuka mfupa wa shingo. Niliacha kwenda kijiweni. Nililala kwenye godoro chumba cha mbele, mito mitatu mgongoni, nikisikiliza moyo wangu ukiruka na kusimama. Nesi Anjela alikuja nyumbani na utepe wake, akapima, akaacha kuchora. "Ukishaona sichori tena," aliwahi kunieleza mwanzoni, "basi ujue hakuna haja." Labda alisahau kuwa aliniambia.

Na aliyekuja kuniuguza ni Gaudensia. Alihamia kwetu. Alinipikia uji, aliniogesha, alinibadilisha nguo, akiwa amevaa glavu ndefu za njano za kuoshea vyombo. Sikumwomba aje. Nadhani alishindwa kukaa kwake akisubiri habari. Aliongea nami siku nzima habari za shamba, za mumewe, za jina atakalompa mtoto. Hakujua kuwa kuniambia jina la mtoto ni ukatili. Alidhani ni kunichangamsha. Nami nilimpenda na kumtamani afe, vyote viwili, kijiko kwa kijiko cha uji.

Siku moja mchana, baada ya kupukuchua mahindi tangu asubuhi, alisema anakwenda kulala kidogo chumbani kwa Ima. Joto lilikuwa kali. Glavu alikuwa amezianika dirishani kwa sababu zilijaa jasho.

"Usiniache peke yangu, wifi," nikamwambia. "Moyo unakwenda vibaya."

Ulikuwa unakwenda vibaya kweli. Lakini si hiyo sababu niliyomwambia.

Akatandika mkeka kando ya godoro langu, mbali kidogo, kama alivyozoea. Akalala chali. Alikuwa amechoka kama mtu anayefanya kazi za nyumba mbili, na hakuchukua muda kukoroma. Mkono wake wa kulia uliteleza, ukalala kwenye simenti, kiganja juu. Ima alikuwa shuleni. Longinus alikuwa karakana.

Wagonjwa wengi wameniuliza kwenye simu kama nilifikiri juu ya Mungu wakati ule. Wanauliza kwa sababu wamesoma ile simulizi ya kwanza, inayosema nilikuwa nasali. Sikusali. Nilijiviringisha kutoka kwenye mito, nikashuka sakafuni kwa kiwiko, nikajikokota. Niliogopa kuhema. Nikaweka kiganja changu juu ya chake, taratibu, kama unavyomfunika mtoto. Kilikuwa na joto na unga wa mahindi. Baba Yetu sikuisema, wala Salamu Maria. Nilihesabu koroma zake. Katikati alikunja uso na kusema neno moja ambalo sikulielewa, nikafikiri ataamka, nami nikajua kabisa kwamba akiamka sitamwachia.

Hakuamka. Ukanda ulidondoka. Nikakaa namtazama. Mvi tatu au nne juu ya paji la uso, basi. Nikamfunika khanga, nikarudi kwenye godoro kwa miguu yangu mwenyewe, nikalala juu ya mito yangu, nikapiga yowe.

"Wifi! Wifi Gaudensia! Ukanda umeanguka wenyewe!"

Aliruka. Aliona ukanda sakafuni, akaona mkono wangu ukianza kujaa nyama, akapiga vigelegele hadi majirani wakaja. Alilia akiniomba msamaha kwa kuninyima, akimshukuru Mungu aliyefanya bila yeye. Longinus alifika akikimbia na vumbi la mbao kichwani, akatupigia magoti sote wawili. Wiki hiyo tulichinja mbuzi. Mama Skola aliongoza Misa ya shukrani, maana yake aliiandaa na kukaa mbele.

Daktari alinipima, akavua miwani. "Kanda hazianguki zenyewe. Nani alikuja?"

"Hakuna aliyekuja."

Nesi Anjela aliandika kwenye faili, bila kuninyanyulia macho. Bi Zuhura alikuja kunipa pole na hongera, akanywa chai, akamtazama Gaudensia akipita na sinia. Alimtazama kwa muda mrefu. Alijua miaka minne inavyokaa usoni, maana amevaa yake. Aliweka kikombe chini, akaaga kwa adabu zote. Hajarudi nyumbani kwangu tena, na tukikutana sokoni ananijibu salamu akiangalia bidhaa.

Sasa mvua zimeanza tena. Mkono wangu umerudi, isipokuwa kucha mbili zilizokataa. Nakanda chapati na wateja wamejaa, wengine wanakuja kuugusa tu. Ninapokwenda Misa siendi kukomunika. Watu wanasema ni unyenyekevu wa aliyeponywa. Wewe mwenye ukanda, unataka kujua nilifanyaje. Nilifanya hivyo. Ima ana mama anayemsuka nywele, na ukiniuliza kama ningerudia, usiniulize nikiwa nimemshika kichwa Ima.

Jumapili iliyopita Gaudensia alikuja baada ya Misa, amevaa gauni jipya, anang'aa. Alinivuta chumbani, akafunga mlango nusu. Longinus alibaki kizingitini ameshika kofia.

"Wifi, usimwambie mtu bado," akasema kwa kunong'ona. "Nimechelewa wiki saba. Sijawahi kuchelewa hivi. Na joto linanipanda mwilini ghafla, hata kwenye baridi."

Nilijua joto hilo. Mama yangu alilipata, na dada zake wote walilipata, kila mmoja umri wake wa kukoma kuzaa ulipofika.

Akafungua kitenge alichojifunga, akaushika mkono wangu wa kulia kwa mikono yake miwili, hana glavu, haogopi. "Niwekee. Mungu amepita humu."

Nikauweka tumboni kwake. Akafumba macho, akatulia, akaniuliza kama nasikia chochote.

Nikamwambia nasikia.